Barua ya wazi kwa Benki Kuu, Hazina na wenye mabenki: tuandikieni nyumba itatugharimu shilingi ngapi, sio asilimia ngapi

Ndugu Gavana wa Benki Kuu ya Tanzania, Mheshimiwa Waziri wa Fedha, Mheshimiwa Waziri wa Ardhi na Nyumba, na nyie wakurugenzi wa mabenki mnaotoa mikopo ya nyumba, shikamooni kwa mnaostahili shikamoo, na wengine habari za kazi.

Mi ni mwalimu wa sekondari hapa Dar, nafundisha hesabu. Nalisema hili mapema ili mtu asije akaniumbua baadae, maana aibu yenyewe ipo hapo hapo, nafundisha riba kidato cha tatu, naandika kanuni ubaoni, natunga na mitihani, alafu nikaenda benki nikasaini mkopo wa nyumba wa miaka 20 bila kukaa chini hata nusu saa na kalkuleta. Mke wangu ni muuguzi. Mwaka 2019 tulikua tumechoka kodi ya nyumba, mnajua hapa mjini mwenye nyumba anataka miezi sita mkononi au mwaka mzima, ukimaliza kulipa unaanza kudunduliza ya awamu ijayo, na huyu wa kwetu alikua na tabia ya kupandisha bila hata kupiga hodi. Tukapata nyumba Bunju, vyumba vitatu, milioni 100. Tulikua na akiba ya milioni 20, benki ikatukopesha 80 kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, miaka 20, rejesho 1,173,440 kila mwezi. Benki siitaji jina, na mtaona kwanini siitaji.

Siku ya kusaini ofisa mikopo alikua kijana mpole kweli, akatuletea maji ya chupa, akatuonyesha wapi tuweke sahihi, kurasa zaidi ya 30 zote kwa Kiingereza cha kisheria. Mimi nilichouliza ni kimoja tu, rejesho la mwezi shilingi ngapi. Akanijibu. Nikapiga hesabu ya mishahara yetu miwili nikaona inabana lakini inawezekana, tukasaini. Hakuna aliyesema neno "jumla". Wala yeye, wala mimi, wala wakili, na mke wangu alikua anaangalia saa maana alikua na zamu ya mchana.

Sasa niwaeleze kuhusu daftari. Mke wangu ana daftari la kaunta, lile gumu lenye jalada jeusi na utepe mwekundu mgongoni, ukurasa wa kwanza kaandika 80,000,000 kwa bluu. Kila mwezi benki ikikata anaandika tarehe, anaandika 1,173,440, anatoa, anaandika kinachobaki. Miaka mitano hajaruka mwezi. Machi 2024 daftari lilikua linasema tumelipa 70,406,400 na tumebakiza 9,593,600. Akawa ananiambia baba tumalize hii kitu, tumebakiza kama milioni tisa na nusu, na riba labda milioni tano sita hivi. Na mimi mwalimu wa hesabu, nikawa naitikia ndio mama, tutamaliza.

Bahati ikaja, tukauza kiwanja cha urithi upande wangu, mgao wangu ukawa milioni 30. Tukaenda benki wote wawili tumevaa vizuri, na daftari kwenye mkoba, tumeenda kufunga deni na chenji irudi. Yule dada wa kaunta akabonyeza, akageuza skrini tuone. Salio la mkopo: 76,246,000 na senti zake.

Mke wangu akatoa daftari akaliweka kaunta akamwambia dada angalia vizuri hiyo sio yetu.

Ilikua yetu. Usiku ule nikakaa mezani na kalkuleta ya shule nikafanya nilichotakiwa kufanya 2019. Mwezi wa kwanza wa mkopo, milioni 80 kwa asilimia 17 gawanya kwa 12, riba peke yake ni 1,133,333. Rejesho letu ni 1,173,440. Kilichoenda kupunguza deni ni 40,107. Yaani mwezi ule sisi wawili tumefanya kazi, mimi nimesahihisha madaftari ya madarasa manne, yeye kakesha wodini, na tulichonunua kwenye nyumba yetu ni mifuko miwili ya saruji na chenji ya soda. Milioni moja na laki moja na kitu nyingine yote ni riba. Baada ya miaka mitano bado tulikua kwenye elfu 92 kwa mwezi. Ukijumlisha miezi yote 60, kati ya ile milioni 70 iliyotoka mfukoni mwetu, iliyogusa deni ni kama milioni 3 na laki 7 na nusu.

Nikaendelea maana usingizi ulishakata. Tukifika miaka kumi, nusu ya safari, tutakua tumelipa milioni 140 na tutakua tunadaiwa milioni 67 na nusu. Nusu ya deni, ile milioni 40 ya kwanza, inaisha mwaka wa 17. Na jumla kuu, ile namba ambayo hakuna aliyeitamka siku ya kusaini, ni milioni 281 na laki sita. Nyumba ya milioni 100. Ongeza 20 tulizotanguliza ni milioni 301 na laki sita. Hapo sijahesabu ada ya kufungua mkopo asilimia 2, yaani 1,600,000, na VAT juu yake 288,000, mthamini, wakili, bima ya moto, na bima ya maisha ambayo inailinda benki nikifa, sio mke wangu peke yake kama tulivyoaminishwa.

Ndugu Gavana, sisemi tumeibiwa, hesabu ni sahihi hadi senti, nimeirudia mara tatu na ndio kanuni ninayofundisha mwenyewe, riba inatozwa kwenye salio, salio likiwa kubwa riba ni kubwa, mwanzoni salio ni kubwa. Benki haijakosea hata shilingi moja, na ndio maana siitaji, kwasababu ukienda ya jirani utakuta hivyo hivyo. Ninachosema ni kwamba namba muhimu kuliko zote haikuandikwa mahali ambapo mtu wa kawaida anaweza kuiona, na nyie ndio mnaweza kulazimisha iandikwe.

Maana angalieni hii, na hapa ndipo roho inaponiuma zaidi kuliko ile milioni 281. Mkopo ule ule, riba ile ile, ungekua wa miaka 15 badala ya 20, rejesho lingekua kama 1,231,200. Tofauti ni elfu 58 kwa mwezi. Elfu 58! Jumla ingekua milioni 221 na laki sita, yaani pungufu ya milioni 60. Miaka kumi, rejesho 1,390,400 hivi, jumla milioni 167. Yule kijana mpole aliniuliza "mwalimu unataka miaka mingapi", nikamjibu mingi kadiri inavyowezekana ili rejesho liwe dogo, akaandika 20. Angenigeuzia karatasi moja tu yenye mistari mitatu, miaka 10, 15, 20, na jumla mbele yake, naapa elfu 58 tungeipata, hata kama ni kwa mke wangu kufuga kuku nyuma ya nyumba, ambao anawafuga sasa hivi.

Kuna wenzangu wataniambia mwalimu acha kulalamika, hela inapoteza thamani, hiyo milioni moja ya leo miaka 15 ijayo itakua hela ya mboga. Nchi nyingine labda. Kwetu mfumuko wa bei upo kwenye asilimia 3 na kitu, na kwa hilo Benki Kuu tunawapongeza kwa dhati, lakini bei zikipanda kwa 3 na riba yako ni 17 basi hakuna kinacholimega deni lako, unalibeba lote kilo kwa kilo. Na mshahara wa mwalimu mnaujua unavyopanda.

Nielewe upande wa mabenki pia, sitaki kuandika kama mtu asiyejua. Hela zinazowekwa benki nyingi ni za muda mfupi, mtu anaweka leo anatoa mwisho wa mwezi, sasa utamkopeshaje mwingine miaka 20. Ndio maana 2010 ikaanzishwa TMRC, ile kampuni inayoyapa mabenki fedha za muda mrefu ziende kwenye mikopo ya nyumba, baada ya sheria ya mikopo ya nyumba ya 2008, na kweli riba zilishuka, zilikua asilimia 22 hadi 24 zikaja kwenye 15 hadi 19. Alafu na serikali yenyewe ilikua inashindana na mimi. Kabla ya 2022 hati fungani ya serikali ya miaka 20, yaani karatasi ambayo serikali inakopea hela, ilikua inalipa asilimia 15.49 kwa mwaka, sasa mkurugenzi wa benki mwenye akili timamu ataiacha serikali inayolipa bila kusumbua amkopeshe mwalimu wa Bunju kwa chini ya hapo ili iweje. Mkaishusha ile ya miaka 20 hadi asilimia 12 na pointi. Sawa. Januari 2024 mkaanza na riba ya Benki Kuu, ile ya kuelekeza riba za soko, ikaanza 5.5, Aprili ikawa 6, Julai 2025 mkaishusha hadi 5.75. Sawa pia. Mimi yangu ni 17, ilikua 17, iko 17.

Kwenye mkataba wangu kuna kifungu kinasema benki inaweza kubadilisha riba kadiri itakavyoona inafaa. Hakijasema itafuata nini, wala kwamba hati fungani zikishuka na yangu ishuke. Kinasema itakavyoona. Na nilipiga hesabu nyingine usiku ule ule ambayo bora nisingeipiga: kama mwaka wa tano wangeona inafaa iwe 19, riba ya mwezi kwenye salio letu ingekua 1,207,000 na zaidi, wakati rejesho letu ni 1,173,440. Yaani tukibaki na rejesho lile lile tungekua tunalipa kila mwezi bila kukosa na deni linapanda. Wangepandisha rejesho kwa laki na ushee, najua, lakini wanandoa wangapi waliojibana kama sisi wana hiyo laki na ushee.

Sasa nirudi kwenye milioni 30, maana kisa hakijaisha.

Siku ya pili tukarudi benki. Tukasema basi hatuwezi kufunga, tupunguze. Wakasema kuna tozo ya kulipa mapema, asilimia 2 ya hela unayoleta, laki sita, tukalipa. Yaani unamrudishia mtu hela yake kabla ya wakati na anakupiga faini. Tukasaini fomu moja, tukaambiwa hongereni, kuanzia mwezi ujao rejesho lenu litashuka kutoka 1,173,440 hadi kama 711,700. Tukafurahi! Tukala chipsi kuku njiani. Karibu laki nne na nusu inarudi nyumbani kila mwezi, nani asingefurahi.

Ilipita kama wiki tatu nikaulizwa swali na mwanafunzi, sio la riba hata, la logariti, nikawa nalifanya ubaoni mkono ukasimama. Salio letu jipya ni milioni 46 na robo. Kama tungeendelea na rejesho letu la zamani, ambalo tulishalizoea miaka mitano, deni lote lingeisha ndani ya miezi 58 au 59. Chini ya miaka mitano! Jumla tungelipa kama milioni 68. Kwa utaratibu waliotuweka wao, rejesho dogo kwa miaka 15 ileile iliyobaki, tutalipa milioni 128. Tofauti milioni 60 tena, kana kwamba hii milioni 60 ina kisirani na familia yangu. Fomu ilikua na viboksi viwili, nimeitafuta nakala nikaiona, "kupunguza rejesho" na "kupunguza muda", na cha kwanza kilikua kimeshawekewa alama na mashine kabla hatujafika mezani. Hakuna aliyetuuliza.

Nilirudi. Meneja akanisikiliza vizuri tu, akasema inawezekana lakini itabidi mkataba uandikwe upya, na mkataba upya una ada yake na barua kutoka makao makuu. Bado tunasubiri hiyo barua. Hela ya tofauti tunaiweka pembeni kila mwezi, mke wangu kaniambia nikiigusa tutajua leo ni leo.

Kwahiyo ninachoomba.

Ukurasa wa kwanza wa barua ya ofa, kabla ya kitu kingine chochote, kwa Kiswahili, herufi kubwa: unakopa shilingi hizi, utalipa jumla shilingi hizi, na ada zote na bima zote zikiwa ndani. Shilingi. Asilimia 17 mtu anaisikia anadhani ni milioni 13 na laki sita juu ya 80, sio kwamba ni mjinga, ndivyo neno linavyosikika, na wengine walioshazoea vikoba na riba ya mara moja hawana namna nyingine ya kulisikia. Chini yake miaka 10, 15, 20, rejesho na jumla ya kila mmoja. Mistari mitatu tu. Mnazo tayari kanuni za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha za 2019, zinadai uwazi, sasa huo uwazi upeni sura, maana kurasa 30 za Kiingereza nazo ni uwazi kwa namna yake. Na kuhusu lugha, 2021 Bunge lilishapitisha Kiswahili kiwe lugha ya sheria na mahakama. Kama hakimu anaweza kunihukumu kwa Kiswahili benki inashindwaje kunikopesha kwa Kiswahili.

Kila mwaka benki iniletee karatasi, hata ujumbe wa simu unatosha: mwaka huu umelipa kiasi hiki, riba ilikua kiasi hiki, deni limepungua kwa kiasi hiki. Mbona matangazo ya mkopo wa sikukuu yananifikia saa kumi na mbili asubuhi. Tungeipata hiyo karatasi mwisho wa mwaka wa kwanza daftari la mke wangu lingejirekebisha pale pale, na hata bila urithi tungejua la kufanya, maana laki moja tu ya ziada kila mwezi tangu mwanzo ingetutoa kwenye miaka 20 hadi 13 na mwezi mmoja hivi, na ingeokoa kama milioni 82. Nani anajua hilo? Namjua dereva wa bodaboda anayejua bei ya petroli vituo vyote vya Tegeta, ila sijakutana na mkopaji wa nyumba anayejua hili.

Tozo ya kulipa mapema ifutwe kwa mtu anayelipa kwa hela yake mwenyewe. Anayehamishia mkopo benki nyingine sawa, mjadiliane, naelewa wanapoteza biashara. Na anayeleta hela aulizwe kwa mdomo, mzee unataka kupunguza rejesho au kupunguza muda, aonyeshwe jumla za yote mawili, aweke tiki yeye mwenyewe kwa kalamu yake.

Na riba inayobadilika ifungwe kwenye kitu kinachoonekana. Mkisema riba yako ni ya hati fungani jumlisha hivi, au ya Benki Kuu jumlisha hivi, hata ikipanda nitaelewa, ntasoma gazeti nitajua inakuja. "Kadiri itakavyoona inafaa" hapana.

Mheshimiwa Waziri wa Ardhi, wewe nimekuweka hapa kwasababu kila mwaka nasikia kwamba mikopo ya nyumba nchini haijafika hata asilimia moja ya pato la taifa, na watu wanakaa mkutanoni wanajiuliza kwanini Watanzania hawakopi nyumba, wanajenga kidogo kidogo miaka kumi, leo tofali, mwaka kesho renta, bati likipatikana bati. Mnasema ni uelewa mdogo. Baba yangu alijenga hivyo, nondo zimekaa nje miaka minne zinapata kutu, nilikua namcheka. Alimaliza 1998 na hakuwahi kudaiwa na mtu. Mi sidhani uelewa wake ulikua mdogo, ila na mimi siwezi kumwambia mwanangu ajenge hivyo kwa bei za viwanja vya leo, mkopo anauhitaji, ndio maana naandika.

Nimeambatanisha nakala ya ukurasa wa mwisho wa daftari, wenye 9,593,600 kwa bluu, na chini yake mwandiko wa mke wangu kwa kalamu nyekundu siku ile tulivyorudi benki. Na nakala ya fomu yenye viboksi viwili, jina la benki nimelifunika na karatasi. Mkihitaji hesabu zote nimeziandika vizuri hatua kwa hatua, kidato cha tatu mkondo B walishazifanya kama zoezi na waliopata zote ni 11.

Wenu,
Mwalimu, mkopaji, Bunju